Kiingereza cha Kukataliwa

Katika nchi yetu hakuna lisilowezekana. Naanza na hilo kwa sababu ni sheria, na pia kwa sababu nimezoea kuanza kila kazi kwa shukrani. Namshukuru Mungu aliyenipa macho ya kuiona nchi hii, na naishukuru Serikali inayoniruhusu kuyafumbua.

Sheria hiyo ilizaliwa uwanjani. Baba Mkuu wa Nchi alikuwa akihutubia kwenye jua la mchana, watoto wa shule wakianguka mmoja mmoja na kubebwa pembeni, naye akatangaza kwamba chini ya uongozi wake hakuna jambo lisilowezekana. Sisi tuliozoea kusali tulitazamana kidogo. Maneno hayo tulikuwa tukimwachia Mungu. Lakini tulipiga makofi, maana askari walikuwa wakitazama mikono ya watu, si nyuso.

Kufikia kesho yake hotuba ilikuwa sheria. Neno "haiwezekani" likafutwa nchini. Maofisa walipita shule hadi shule na nyembe, wakikata kwenye kila kamusi ukurasa wenye "wezekana", na kwa kuwa karatasi ina pande mbili tukapoteza na maneno mengine yasiyo na hatia. "Wetu" liliondoka siku hiyo, na "wewe" pia. Wezi walinusurika. Wao walikuwa ukurasa unaofuata.

Tatizo ni kwamba mambo yenyewe hayakupata habari za sheria, yakaendelea kutowezekana kama zamani. Raia alifika ofisini kuomba, karani hakuwa na la kumpa, wala hakuwa na neno la kumnyimia. Wengine walinyamaza wakamtazama mtu usoni mpaka saa ya kufunga. Karani mmoja wa ardhi katika tarafa yetu alichagua kutikisa kichwa kwa kukubali kila ombi, akakubali mpaka shingo ikakakamaa, akapelekwa hospitali. Huko nako hakukuwa na dawa, na daktari hakuwa na namna ya kumwambia. Wakabaki wanatazamana.

Ndipo ikaundwa Wizara ya Uwezekano. Wizara ikatuma mtaalamu Uingereza, na mtaalamu akarudi na sanduku la misemo. Sheria ilikuwa imekataza neno la kwetu, lakini haikugusa Kiingereza. Ikagunduliwa kwamba Waingereza wana namna nyingi sana za kumwambia mtu asahau, na kila namna ina ngazi yake. Misemo ikagawanywa kwa vyeo. Mgambo wa mlangoni alipewa "No way". Karani alipewa "Out of the question", na alitakiwa avae tai anapoutamka. Makatibu Tarafa walipewa "When pigs fly", na mingine michache ya akiba. Mawaziri peke yao ndio waliokabidhiwa "Over my dead body". Inasemekana Baba Mkuu naye anao msemo wake, lakini hakuna aliyewahi kuusikia akarudi kutueleza.

Na raia anapoambiwa lolote kati ya hayo, utaratibu ni kujibu "Thank you, sir" na kupiga makofi. Hiyo nayo ni sheria. Tulifundishwa makofi kabla ya kufundishwa maana.

*

Kijiji chetu kinaitwa Lukwale. Tulijenga chumba cha kujifungulia wenyewe, kwa mikono yetu. Nasema hivyo kwa sababu kwenye bango lililo mbele yake imeandikwa kwamba kimejengwa na Baba Mkuu. Labda alikuja tukiwa shambani. Sisi tulifyatua tofali, tukachoma, tukabeba mchanga kichwani kutoka mtoni, wanawake kwa wanaume, na aliyebeba kuliko wote alikuwa binti yangu Penina.

Penina alikuwa na sababu. Mtoto wake wa kwanza alifia kwenye mkokoteni wa ng'ombe, njiani kwenda hospitali ya wilaya. Alishuka kwenye mkokoteni ule, akazika, akaja kuuliza ni wapi panapochimbwa msingi.

Chumba kikaisha. Kikawekwa kitanda, taa, beseni, na mashine ndogo ya kumsaidia mtoto anayechelewa kupumua. Tukaletewa muuguzi, Sista Yunisi, mwanamke mnene mwenye sauti ya chini na mikono isiyotetemeka. Penina naye alikuwa amepata mimba nyingine. Nilipiga magoti sakafuni kwangu nikamwambia Mungu kwamba safari hii ametufikiria mapema.

Kisha ukaja utepe.

Inabidi nieleze, kwa faida ya wasomaji wa nchi nyingine. Kwetu sisi kitu kipya hakianzi kutumika mpaka mkubwa aje akikatie utepe. Kabla ya hapo unaweza kukitazama, kukifagilia, hata kukiimbia, lakini kukitumia ni kosa. Njia ya kwenda wilayani ina daraja zuri la zege ambalo utepe wake umepauka kwa jua mara nyingi, na kila unapopauka hufanyika sherehe ya kubadilisha utepe. Watu huvuka kwa kuogelea mtoni, chini yake, na wakifika katikati hutazama juu kwa shukrani. Sokoni kwetu kuna vyoo vya vigae vinavyolindwa na mgambo, na mgambo mwenyewe huwa anakimbilia kwenye mahindi kama sisi.

Utepe wa chumba chetu ulikuwa mwekundu. Ulifungwa mlangoni, juu ya kufuli, na mbele yake akasimamishwa mgambo aitwaye Ndimbo, mtu wa papa hapa Lukwale. Sista Yunisi alipewa kiti cha kukaa nje. Kila asubuhi alivaa sare yake nyeupe, akaja akakaa kwenye kile kiti, akikitazama chumba chake kupitia dirisha.

*

Mimi, Penina na jirani yetu Mama Sikitu tukaenda kwa Katibu Tarafa, Bwana Mponda, kuomba mlango ufunguliwe.

Bwana Mponda alitupokea vizuri sana. Alituagizia soda. Nilipomweleza habari ya mkokoteni alitoa leso akajifuta macho, na nadhani machozi yalikuwa ya kweli. Kisha akasimama, akafunga kifungo cha koti, akamwinamia Penina kama baba, akasema polepole, "When pigs fly, mama. When pigs fly."

"Thank you, sir," tukajibu, tukapiga makofi.

Tulitoka tunacheka kwa furaha. Hatukujua Kiingereza, lakini mtu haambiwi ubaya kwa sauti kama ile, na soda juu. Mama Sikitu alisema amesikia neno la nguruwe ndani yake, naye anafuga nguruwe, kwa hiyo huenda amekumbukwa kwa mradi. Tulipofika nyumbani nilichinja kuku. Tukamwita Sista Yunisi aje kula.

"Amesemaje hasa?" akauliza, paja la kuku mkononi.

Tukamtajia, kila mmoja kwa matamshi yake.

Sista Yunisi akalirudisha paja kwenye sahani. "Mmekataliwa," akasema.

"Kwa uzuri ule?" akauliza Mama Sikitu.

"Kwa uzuri uleule. Amesema mlango utafunguliwa siku nguruwe watakaporuka angani."

Mama Sikitu akafikiri. "Wangu hata kutembea hawataki," akasema, na hakuna aliyecheka. Penina aliweka mkono tumboni, akaendelea kula. Alisema mtoto ana njaa, na yeye hajakataliwa bado.

*

Kumbe si sisi peke yetu. Nchi nzima watu walikuwa wakikataliwa na kwenda kufanya sherehe. Huko mjini familia moja ilipiga ngoma mpaka asubuhi baada ya kunyimwa mwili wa ndugu yao. Serikali ikaona aibu, si kwa kunyima bali kwa ngoma, ikaanzisha masomo ya jioni kwa watu wazima. Somo liliitwa Kiingereza cha Kukataliwa. Nilijiandikisha siku ya kwanza. Nilimwomba Mungu anifungue akili, maana umri umekwenda na kusoma kwangu kuliishia mahali pa kusikitisha.

Tulisomea kwenye darasa jipya la shule ya msingi, yaani nje yake. Darasa lilikuwa na utepe. Mwalimu Obadia aliingizwa ndani kwa kibali cha muda, akaandika ubaoni, na sisi tulisimama nje tukasomea dirishani, wafupi mbele na warefu nyuma. Alikuwa mtu mwembamba, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, na alifundisha kwa bidii ya mtu asiyejua akifukuzwa atakwenda wapi.

"Leo tunaanza na huu," alisema siku moja, akasoma ubaoni. "A snowball's chance in hell. Maana yake, bonge la theluji likitupwa jehanamu, lina nafasi gani ya kupona? Ndivyo ilivyo nafasi yako."

Mzee Chilongani, mfinyanzi wa vyungu, alikuwa amebana pua kwenye nondo za dirisha. "Mwalimu, theluji ndiyo nini?"

"Ni maji ya mvua yaliyoganda yakawa laini, mzee. Meupe."

"Na yamefika vipi jehanamu?"

"Ni mfano tu."

"Hapana, nauliza. Maji yamemkosea nani?"

"Mzee Chilongani, mtihani hautauliza hilo."

"Haya. Na ule wa jana, wa kukamua damu kwenye jiwe. Aliyejaribu alikuwa nani?"

"Hakuna aliyejaribu."

"Wamejuaje basi?"

Watu wakacheka. Mwalimu naye akacheka kidogo, akafuta miwani. Mzee hakucheka. "Wenzetu hawa wanahangaika," akasema. "Nguruwe, theluji, mawe. Mzigo wote huo kwa ajili ya kumwambia mtu hapana. Sisi tulikuwa na neno moja, na lilitutosha."

Mwalimu Obadia akachungulia barabarani kwa dirisha la pili. "Sijalisikia, mzee," akasema.

"Sijalisema," akajibu Mzee Chilongani. "Endelea kufundisha."

Siku tuliyofika kwenye "Over my dead body" Mwalimu alishusha sauti. Alieleza kwamba maana yake ni juu ya maiti yangu, yaani labda nife kwanza ndipo unachotaka kifanyike. Alisema huo ni wa mawaziri, na kwamba sisi huenda tusiusikie maisha yetu yote, ila ni vizuri kuufahamu kwa ajili ya elimu ya jumla. Niliuandika kwa uangalifu, nikachora mstari chini yake.

Nilifaulu. Nilipewa cheti chenye muhuri, kinachothibitisha kwamba mwenye jina hili anaweza kukataliwa katika ngazi zote. Nilikitundika ukutani karibu na msalaba. Penina alikisoma akiwa ameshika kiuno, maana tumbo lilikuwa limeshuka. "Mama," akaniambia, "umekuwa msomi. Sasa nenda ukatumie."

Nikarudi kwa Bwana Mponda. Safari hii sikunywa soda.

"Mheshimiwa Waziri wa Uwezekano ndiye atakayekata utepe," aliniambia. "Ameshakubali kuja."

"Lini?"

"Not in a month of Sundays."

Niliuelewa papo hapo: hata upite mwezi wa Jumapili tupu, hatakuja. Nilijisikia vibaya na vizuri kwa wakati mmoja, kama mtu aliyeuona mshale na kuutambua ni wa kabila gani. "Bwana Mponda," nikasema, "mtoto wa Penina hatangoja. Sista yupo, dawa zipo, funguo unazo wewe kwenye droo hiyo. Sikuombi hata shilingi. Nakuomba ugeuze ufunguo."

Bwana Mponda aliniangalia kwa upendo. "Umenielewa bila mkalimani. Mama Penina, Kiingereza chako kimekua. Hongera sana."

Akanipa mkono, nami nikaupokea. Nikatoka pale na kurudi nyumbani kwa miguu, nikilia, na mdomo wenyewe ulikuwa ukirudia misemo kwa mazoea ya darasani.

*

Uchungu ulimshika Penina asubuhi, akifua. Tulimpeleka kwenye chumba chetu. Sikuwa na mahali pengine pa kumpeleka, na mkokoteni sikutaka hata kuuona.

Ndimbo alikuwa mlangoni. Alipotuona akasimama wima. "No way, mama," akasema.

"Ndimbo, huyu ni Penina. Mmesoma dawati moja."

"Najua, mama. No way."

"Mkeo ana mimba. Yeye utamwambia nini?"

Ndimbo akatoa simu, akampigia Bwana Mponda. Bwana Mponda akampigia mkuu wake, na mkuu wake akampigia mwingine, na sisi tukasubiri barazani, Penina ameshika nguzo tuliyoijenga, akihema. Sista Yunisi alikuwa ametandika khanga zangu kwenye sementi. Hakuuliza ruhusa ya sementi.

Simu ikarudi. Ndimbo aliiweka kwa sauti ya juu ili asiwe yeye anayetamka. Ilikuwa sauti ya Mheshimiwa Waziri mwenyewe, nzito, yenye mwangwi wa ofisi kubwa. Alisema utepe ule ni wa kwake, umetengwa kwa ajili yake, na mlango ukifunguliwa kabla yake ni sawa na kumvua nguo hadharani. Kisha akamalizia, "Over my dead body."

Ndimbo akaipigia simu saluti.

Mtoto alizaliwa barazani. Alikuwa mvulana, mzuri, mwenye nywele nyingi, na hakulia. Sista Yunisi akamgeuza, akampangusa, akamsugua mgongo, akaweka mdomo wake kwenye mdomo wa mtoto na kumpulizia, tena na tena. "Mashine," akasema bila kuinua kichwa. "Nahitaji ile mashine." Ilikuwa ndani. Tuliiona dirishani, iko juu ya meza, imefunikwa plastiki isiingie vumbi, ili Mheshimiwa aikute inang'aa. Ungenyoosha mkono kama si kioo. Mama Sikitu aliokota jiwe akapasua kioo, lakini mkono haukupita kwenye nondo; tulikuwa tumeziweka wenyewe, na tulikuwa tumeziweka vizuri.

Mimi nilisali. Sikusali kwa Kiingereza. Nilisali kwa lugha niliyonyonya, na nilimwambia Mungu kwamba yeye ndiye mwenye lile neno tulilomwachia, kwamba kwake hakuna kinachoshindikana, na kwamba sasa ndio wakati. Sijui alinijibu nini. Bado namuuliza.

Sista Yunisi aliacha kupuliza. Akamfunika mtoto kwa upindo wa khanga, akampa mama yake. Ndimbo alivua kofia, akakaa chini palepale mlangoni, mgongo umeegemea kufuli.

*

Tulizika. Bwana Mponda alikuja msibani na kusimama mbele ya watu, akasema Serikali inasikitika, na kwamba hata katika majonzi haya tukumbuke kuwa katika nchi yetu hakuna lisilowezekana. Wakubwa wake walikuwa wamesikia kwamba habari imefika mjini na watu wananong'ona. Kabla wiki haijaisha tukaambiwa Mheshimiwa Waziri anakuja kukata utepe. Mwezi wa Jumapili ulikuwa umekwisha haraka. Kumbe kilichokuwa kinahitajika ni kaburi moja dogo.

Siku hiyo lilisimamishwa hema, vikapangwa viti vilivyovalishwa vitambaa vyeupe, na bendi ya polisi ikapiga. Mkasi ulifika kabla ya Waziri, ndani ya gari lake peke yake. Ulikuwa wa rangi ya dhahabu, umelazwa kwenye mto wa mahameli, ukibebwa na kijana wa itifaki aliyevaa glavu.

Mkuu wa itifaki, mama mmoja nadhifu aitwaye Grasiana, alinifuata nyumbani asubuhi.

"Nimeambiwa binti yako ndiye wa kwanza kujifungulia hapa."

"Alijifungulia barazani."

"Basi, karibu na hapo. Tunamhitaji. Mheshimiwa akishakata utepe ataingia, na ni lazima akute mama kitandani, amemkumbatia mtoto, anatabasamu. Wapiga picha wako tayari."

"Mtoto wake amekufa, mama."

"Pole sana, nimesikia. Mtoto tumekuja naye. Ni mtulivu mno, ameshatumika kwenye uzinduzi mwingi na hajawahi kulia. Binti yako ni kulala tu, na kutabasamu."

Nilikuwa sijapata cha kusema Penina alipotoka chumbani. Alikuwa amesikia yote. Gauni lake lilikuwa limelowa kifuani, maana maziwa hayakuwa yameambiwa kwamba mtoto hayupo. Akasema, "Nitakuja."

Mama Grasiana akafurahi, akamgusa bega.

*

Waziri alikuwa mtu mfupi kuliko sauti yake. Alihutubia muda mrefu. Alisema walimwengu walidhani Lukwale haitapata chumba, lakini Baba Mkuu alinyoosha mkono na tofali zikapangana. Alisema wanawake wa Lukwale sasa watazaa kwa raha. Tulipiga makofi panapotakiwa, kwa mazoea. Halafu akashuka, akasimama barazani, juu ya sementi ileile, na mkasi ukaletwa.

"Yuko wapi mama yetu wa kwanza?" akauliza kwa kipaza sauti. "Aje aingie na mtoto. Nitakata, nimfuate."

Mama Grasiana alimsogezea Penina yule mtoto wa kuazima. Kwa kweli alikuwa mtulivu. Penina alimtazama, akamgusa shavu kwa kidole, akamrudishia mama yake mzazi, aliyekuwa nyuma ya Mama Grasiana. Kisha akapanda barazani, akasimama mbele ya kipaza sauti, na akasema neno moja, si kwa ukali, kama mtu anayejibu aliyeulizwa kama kuna maji kwenye mtungi.

"Haiwezekani."

Bendi ilikuwa imejiandaa kupiga. Haikupiga.

Waziri alimwinamia katibu wake, na kipaza sauti kikatupa kila kitu. "Amesema nini?"

"Sijui, Mheshimiwa."

"Ni lugha gani?"

"Inafanana na yetu, Mheshimiwa."

Bwana Mponda alikimbilia mbele, jasho limemtoka. "Mheshimiwa, huyu amefiwa. Nadhani alitaka kusema, when pigs fly."

"Sikutaka kusema hivyo," akasema Penina. "Nguruwe hawajanikosea. Nimesema haiwezekani. Haiwezekani nilale kwenye kitanda nilichonyimwa, nimkumbatie mtoto wa watu, nicheke, ili wewe upigwe picha. Hilo ndilo nililosema."

Nyuma ya hema mtu akakohoa. Alikuwa Mzee Chilongani. "Haiwezekani," akasema, kwa sauti ya mtu anayejaribu mlango wa nyumba aliyohama zamani, aone kama ufunguo bado unaingia. Uliingia. Akalisema tena. Mama Sikitu akalisema. Kisha darasa zima, wafupi waliosimama mbele na warefu waliosimama nyuma, halafu watu ambao hata hawakusoma. Hawakupiga kelele. Walilisema kila mmoja kwa wakati wake, kwa jambo lake, na wengine walilisema wakilia.

Waziri alikuwa amekunja uso kama mtu anayesikia panya darini. "Mwalimu yuko wapi?" akasema. "Serikali inalipa mwalimu hapa. Nitafsirie kwa Kiingereza."

Mwalimu Obadia alisimama. Akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Niliona anahesabu moyoni atakavyoishi baada ya siku hiyo.

"Nimetafuta, Mheshimiwa," akasema. "Misemo mliyotupa naijua yote. Hakuna hata mmoja unaotosha."

Akakaa.

Hapo Waziri akakasirika. Alikumbuka cheo chake, akanyoosha kidole mlangoni, akasema kwamba hakuna mtu wa Lukwale atakayeingia mle bila yeye kukata utepe kwa heshima zote. Akamalizia kwa Kiingereza chake. "Over my dead body."

Huo mimi niliuelewa. Nilikuwa na cheti. Nilipanda barazani, nikasimama pembeni ya binti yangu, na nikajibu kwa lugha yangu, maana ile nyingine ilikuwa imeniishia.

"Maiti ipo tayari, Mheshimiwa," nikasema. "Si yako. Ililala hapo uliposimama."

Waziri akatazama chini, kwenye viatu vyake. Akasogea. Sidhani kama alikusudia kusogea, lakini miguu yake ilijua zaidi yake. Aliwatazama askari wake, na askari wakatazama watu, na watu walikuwa wengi. Kisha akamtazama Ndimbo, ambaye bado alikuwa mlangoni, na akamwamuru afanye kazi yake.

Mke wa Ndimbo alikuwa mstari wa mbele, tumbo limefika puani. Alimtazama mumewe.

Ndimbo akavua kofia kwa mara ya pili. Akasogea hatua moja kando ya mlango.

Penina alikwenda kwa yule kijana wa glavu, akachukua mkasi kwenye mto.

"Huo ni wa Mheshimiwa," akanong'ona Mama Grasiana.

Penina akakata utepe. Ulikuwa utepe wa kawaida tu, ulianguka bila sauti. Bwana Mponda, bila kuulizwa na mtu, alikuwa ameshatoa ufunguo mfukoni na kuugeuza kwenye kufuli. Siku zote ulikuwa haujafika mbali.

Sista Yunisi aliinuka kwenye kiti chake cha nje, akanyoosha sare, akaingia. Penina alimfuata mpaka kizingitini na kusimama hapo. Hakuingia. Alimnyooshea ule mkasi wa dhahabu, mpini mbele.

"Uchemshe, Sista," akasema. "Mke wa Ndimbo hana siku nyingi, na kitovu kitahitaji kukatwa."